Kabla Hujaiuza PS5 Yako

Msikilizaji, PS5 ina ruhusa inayowawezesha wote wanaotumia mashine hiyo kucheza gemu ulizonunua mtandaoni. Nyumbani ni neema: mtoto hucheza kwa akaunti yake bila kununua tena. Lakini mashine ikiuzwa ingali na akaunti yako, mgeni naye atazicheza.

Fungua mipangilio, ingia kwenye watumiaji na akaunti, kisha sehemu ya mengineyo. Ruhusa ya kushiriki iko hapo, pamoja na ya kucheza bila intaneti. Izime. Gemu zako hazipotei; zinabaki kwenye akaunti. Za diski hazihusiki, mwenye diski ndiye achezaye.

Halafu futa kila kitu, urejeshe mashine ilivyotoka kiwandani. Tafadhali, fanya hivyo kabla mnunuzi hajabisha hodi.