Ushirika Ulianza Kwenye Mfereji



Kijiji cha mlimani si migomba na kahawa peke yake. Ni shule, zahanati, barabara, ghala la chama na mfereji. Kabla ya KNPA ya mwaka 1925 na KNCU ya mwaka 1933, wazee wetu walikwisha kujifunza ushirika kwenye mfereji: asiyeshiriki kuuzibua hakupewa zamu ya maji.

Leo mwanachama huuza kahawa yake pembeni, kisha hunung'unika kwamba ghala linavuja. Ghala hilo litaezekwa kwa fedha ipi? Ndugu makatibu, someni hesabu hadharani. Ndugu wanachama, leteni kahawa mizanini. Mfereji ulioachwa haumwagilii kihamba cha mtu.