Mawe Yaliyo Chini ya Mchanga: Maneno kwa Watu wa Vijiji vya Kasayi

Leo sianzi na mbegu. Naanza na korongo linalokula njia yetu.

Mkisimama chini yake mtaona udongo umepangwa kama mikeka. Juu ni mchanga wa rangi ya manjano. Chini yake ni jiwe jekundu, laini, linalovunjika mkononi. Jiwe hilo lilikuwa mchanga pia, ulioletwa na maji na upepo katika siku za zamani zinazoitwa Kretase, kati ya miaka milioni 145 na milioni 66 iliyopita. Mtu hakuwako bado. Chini zaidi ni mawe ya kale kuliko hayo. Huku Mbujimayi ni mawe ya chokaa.

Almasi za Mbujimayi zilipandishwa na moto wa chini ya nchi, karibu miaka milioni 70 iliyopita. Upande wa Tshikapa, ambako almasi iliokotwa mwaka 1907, ziko katika changarawe ya mito, na katika changarawe iliyo chini ya jiwe jekundu. Ndiyo sababu mchimbaji anatupa mchanga na kutafuta changarawe. Mambo ya almasi mnayajua kuliko mimi.

Lakini mchanga ule anaoutupa ndio shamba. Haushiki maji. Mvua inapita ndani yake kama ndani ya kitunga, inashuka mpaka kukutana na jiwe lisiloipitisha, kisha inatoka ubavuni mwa kilima: hiyo ni chemchemi yenu. Wala haushiki chakula cha mimea. Majivu ya majani yanalisha mahindi mwaka mmoja, pengine miwili, kisha mvua inayashusha mahali mizizi haifiki. Muhogo unavumilia, mahindi hapana. Mahindi yapandeni bondeni, ao penye udongo mzito wa mawe ya chokaa.

Mama mmoja aliniuliza: mbona korongo linapanda mlima, halishuki? Aliuliza vizuri. Maji yakianguka ukingoni yanachimba mguu wa ukuta. Jiwe laini linatoka, mchanga wa juu unakosa pa kukaa, unaanguka, na ukingo unarudi nyuma kuelekea nyumba. Kutupa takataka ndani hakusaidii. Mvua moja inazibeba zote. Maji yazuiwe juu, kabla hayajafika ukingoni: mifereji ikate mlima kwa upana, na matete yapandwe kando yake. Njia isishuke moja kwa moja.

Na ninyi vijana, mkifungua shimo, wekeni udongo mweusi upande mmoja, mchanga upande mwingine. Mkimaliza, rudisheni mchanga kwanza, mweusi mwisho. Shimo lililojazwa kinyume halitaotesha hata muhogo.

Kesho asubuhi, mbele ya jua kali, tutapima mfereji wa kwanza juu ya korongo. Kila nyumba ilete jembe moja na mashina ya matete.