Boriti za Lamu: Maneno Yaliyosomwa Mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka



Mbele ya mkutano huu limewekwa shauri la kutia akiba yote ya chama chetu katika biashara moja, kwa sababu biashara hiyo imeleta faida njema miaka hii michache. Kabla hamjainua mikono, twaomba tusafiri kwa fikira hadi visiwa vya Lamu, katika pwani yetu ya kaskazini. Watu wa huko walikwisha kulijibu swali hili zamani, tena kwa gharama yao wenyewe.

Katika karne ya 19 Lamu ilikuwa na utajiri mkubwa uliotoka katika mashamba ya bara iliyoielekea. Nafaka na simsim zilijaza majahazi, lakini waliolima walikuwa watumwa. Mwaka 1907 serikali ya Kiingereza ilipofuta utumwa kisheria katika pwani hii, watu wale walipata haki yao, na mashamba mengi yakarudi kuwa msitu. Tena reli iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka 1896 ilikuwa imekwisha kufika Ziwa la Viktoria mwaka 1901, na biashara kubwa ikaifuata reli. Lamu ikaachwa kando.

Iliyobaki ni mikoko. Zaidi ya nusu ya misitu ya mikoko ya Kenya imo katika Lamu, nayo ikawa riziki ya visiwa. Wakataji, wengi wao Wabajuni, waliingia kwa mashua katika vijito vya bahari, wakapiga kambi, wakakata kwa shoka huku matope yakiwafika magotini, kisha wakangoja maji yajae wapate kuitoa miti. Miti ilichaguliwa kwa unene wake: fito, pau, mazio, boriti, na nguzo, nayo ilihesabiwa kwa korja, yaani miti 20. Mkoko, muia, na mkandaa ilipendwa kwa ugumu wake, maana mchwa hawaili upesi. Hata nyumba za mawe za mji wa Lamu zilipimwa kwa mti huu, kwa kuwa upana wa chumba haukuweza kupita urefu wa boriti zilizobeba dari.

Ng'ambo ya bahari, katika Uarabuni na nchi za Ghuba, ardhi ni kame na miti ya kujengea ni haba. Basi majahazi yalishuka na upepo wa kaskazi yakileta tende, chumvi, na mazulia, yakarudi na kusi yakiwa yamejaa boriti. Vyumba vya kale vya Kuwait na Bahrain vilikuwa vyembamba kwa sababu ile ile ya vyumba vya Lamu. Katika biashara hiyo alipata mkataji, akapata mwenye mashua, mchukuzi, mwenye duka, na fundi wa majahazi wa Matondoni. Kila aliyetazama alidhani kwamba maadamu Waarabu wanajenga nyumba, Lamu haitakosa chakula.

Mwaka 1946 Kuwait ilianza kuuza mafuta yake nchi za nje. Fedha nyingi zikaingia, na mwenye fedha akajenga kwa saruji na chuma. Majahazi nayo yakashindwa na meli za injini. Hapo hapana mtu wa Lamu aliyekosa. Shoka lilikuwa kali kama jana, na miti ilikuwa ile ile. Aliyebadilika ni mnunuzi, naye hakuomba ruhusa ya mkataji. Biashara ikapungua mwaka hata mwaka. Misitu nayo ilikuwa imechoka, maana chovya chovya humaliza buyu la asali. Mwaka 1982 Serikali ya Kenya ikapiga marufuku kupeleka boriti nchi za nje. Na mwaka 2018 ukataji wa miti katika misitu ya umma ulipozuiwa nchini kote, mkataji wa Lamu akakosa hata soko la hapa nyumbani.

Twaweza kusema kwamba Lamu ilijifunza? Riziki ikahamia kwa wageni watalii, na mwaka 2001 mji wa kale ukaandikwa na UNESCO katika Urithi wa Dunia. Lakini mwaka 2011 watekaji nyara waliwachukua wageni huko Kiwayu na Manda, na watalii wakakimbia. Mwaka 2014, baada ya mauaji ya Mpeketoni, ikatolewa amri ya kutotoka usiku, na hata mvuvi akazuiwa kwenda kuvua. Mara ya tatu nyumba ilikuwa imesimama juu ya nguzo moja.

Wazee wetu, hatusemi haya ili kuwacheka watu wa Lamu. Hawakuwa wavivu wala wajinga, na biashara yao ilidumu miaka mingi kuliko umri wa chama hiki. Twasema kwa sababu faida ya miaka michache yaweza kutufumba macho sisi pia. Mtegemea cha nduguye hufa maskini, na mtegemea mnunuzi mmoja yuko karibu naye.

Wako wanaofanya vingine na mti ule ule. Huko Gazi, kusini mwa Mombasa, wanakijiji walianza mwaka 2013 kuuza hewa chafu inayohifadhiwa na mikoko yao ikiwa hai, katika mpango uitwao Mikoko Pamoja, na mapato yakasaidia maji na shule. Lakini nao wanunuzi wao wako mbali. Lililo jema ni kwamba wale watu hawakuacha uvuvi wao, na fedha zikatiwa katika elimu ya watoto, ambayo haipandi wala haishuki na bei ya soko.

Kwa hiyo twaleta shauri lingine. Akiba yetu na igawanywe mafungu matatu: la kwanza litiwe katika biashara iliyotajwa, la pili likae benki kwa siku ya shida, la tatu lilipie karo na mafunzo ya ufundi ya watoto wa wanachama, wa kike na wa kiume. Faida ya mwaka ujao huenda ikawa ndogo kuliko mlivyotumaini, nasi twalikubali hilo waziwazi. Ila biashara ile ikianguka, chama hakitaanguka pamoja nayo.

Akiba haiozi. Uamuzi ni wenu.