Klabu Ndogo na Daftari Lake: Habari za Mpira wa Kibera na Kawangware



Mpira wa miguu wa Kenya unapotajwa, majina yanayotangulia kutoka midomoni mwa watu ni Gor Mahia na AFC Leopards. Wala si ajabu, kwani Leopards ilianza mwaka 1964 kwa jina la Abaluhya, Gor Mahia ikaanza mwaka 1968, na vikombe walivyotwaa ni vingi. Lakini chini ya ligi kuu ziko ngazi nyingine kadhaa: Super League, kisha daraja la kwanza na la pili, mpaka kuzifikia ligi za mtaani ambazo hata gazeti halizijui. Timu nyingi za Kibera na Kawangware zimeishi huko chini, na habari zao zimewekwa katika vichwa vya wazee waliozichezea. (Katika sehemu nyingi za bara neno lenyewe lina taabu yake, maana mume akisema anakwenda kilabuni, mkewe hufikiri pombe kwanza.)

Kibera ni mji wa zamani kuliko wengi wanavyodhani. Askari wa Kinubi wa King's African Rifles walianza kukaa hapo karibu na mwaka 1904, na jina la mahali latokana na neno la lugha yao lenye maana ya msitu. Mwaka 1918 serikali ya kikoloni ilitangaza eka 4,197 kuwa ardhi ya jeshi. Mwaka 2017, Wanubi walipopewa hati ya ardhi ya jumuiya yao, hati hiyo ilikuwa ya eka 288. Mtu aweza kuuliza, hesabu ya eka yahusu nini na futboli? Yahusu sana.

Uwanja wa mpira wa kipimo kamili, pamoja na nafasi ya pembeni ya watazamaji, wataka karibu eka mbili. Nyumba ya kupanga ya Kibera mara nyingi ni chumba kimoja cha futi kumi kwa kumi. Piga hesabu: eka mbili hizo zaweza kubeba vyumba zaidi ya 800 vya namna hiyo, hata kama hakuna mtu ajengaye bila kuacha njia. Kwa hiyo uwanja mtupu katika mji kama huu haukosi macho yanayoutazama. Mwenye vyumba vya kupanga aona kodi ya kila mwezi. Mwenye duka aona mahali pa kibanda. Wenye ibada waona mahali pa kusimamisha hema. Mchezaji ndiye asiyekuwa na karatasi yo yote ya kuonyesha. Timu hucheza juu ya udongo usio na jani la nyasi, wapita njia hukatiza katikati mchezo ukiendelea, na refa hungoja mama mwenye mtungi avuke ndipo apige filimbi.

Kawangware, upande wa pili wa Barabara ya Ngong, ina historia nyingine lakini shida ni ile ile. Mahali hapo ni pa Dagoretti, palipokuwa nchi ya mashamba ya Wakikuyu kabla ya mipaka ya jiji kupanuliwa katika miaka ya 1960. Shamba la baba liligawanywa kwa wana, wana wakajenga vyumba vya kupanga, na mahali palipokuwa pa kuchungia mbuzi na kupiga mpira pakawa mtaa. Na kati ya mitaa hii miwili, penye viwanja vya Jamhuri, mwaka 2024 ulianza kujengwa uwanja mkubwa wa Talanta wa watazamaji 60,000, kwa ajili ya mashindano ya Kombe la Afrika ambayo Kenya, Uganda na Tanzania zilipewa pamoja. Ni jambo la kufurahisha. Hata hivyo timu ya daraja la chini haihitaji viti 60,000. Yahitaji eka zile mbili, na magoli mawili yasiyong'olewa usiku yakauzwa kama vyuma chakavu.

Katika klabu za mitaa hii, iliyo na habari ya ajabu kuliko nyingine ni ya wasichana. Mwaka 2002 Bwana Abdul Kassim, mkaaji wa Kibera, aliona ya kuwa timu za wavulana zimejaa kila mahali na ya wasichana haipo. Akaanzisha moja. Wajuao desturi za mtaani watafahamu uzito wa kazi hiyo, maana binti atokapo shule hungojwa na ndoo ya maji, sufuria, na mtoto wa kubeba mgongoni. Wengine waliona ni aibu msichana kuvaa kaptura mbele ya watu.

Lakini upinzani haukuwa ndio taabu kubwa. Taabu kubwa ilikuwa ya kwamba wachezaji walikuwa wakiacha shule. Karo ya shule za msingi ilikuwa imeondolewa mwaka 2003, lakini ile ya sekondari ilibaki hata mwaka 2008. Hapo katikati, msichana maskini aliyemaliza darasa la nane alikuwa hana pa kwenda, na mazoezi ya jioni hayakuweza kumlipia karo. Basi mwaka 2006 Bwana Kassim alifungua shule ya sekondari isiyotoza karo. Ilikuwa na chumba kimoja, wanafunzi 11, na walimu wawili waliojitolea. Iliitwa Kibera Girls Soccer Academy. Kwa kawaida shule huwa na timu. Hapa timu ilizaa shule, na neno la mpira likabaki katika jina lake.

Kwa upande wa Dagoretti, jina lisilosahauliwa ni Dagoretti Santos, lililokopwa kutoka klabu ya Brazil aliyoichezea Pele. Huko alipita kijana mmoja, Dennis Oliech, kabla ya kwenda Mathare United, kisha Qatar, kisha Nantes na Auxerre za Ufaransa. Tarehe 2 Februari 2004, siku aliyotimiza miaka 19, alifunga goli katika mchezo ambao Kenya iliishinda Burkina Faso 3-0 huko Tunisia. Huo ulikuwa ushindi wa kwanza wa Kenya katika Kombe la Afrika.

Habari kama hiyo huwafanya wazee wa klabu ndogo wajisifu, na wana haki. Lakini yafaa pia waulize swali la fedha, ambalo wengi huona haya kuliuliza. Kijana akiuzwa ng'ambo, timu iliyomlea kwanza hupata nini?

Kanuni za FIFA zajibu waziwazi. Mchezaji auzwapo kutoka nchi moja hadi nyingine kabla ya mkataba wake kwisha, asilimia 5 ya bei hutengwa kwa klabu zilizomfundisha tangu alipokuwa na miaka 12 hata 23. Tuseme bei ni shilingi milioni 100. Fungu hilo ni milioni 5. Klabu iliyokuwa naye mwaka mzima akiwa na umri wa miaka 12, 13, 14 au 15 hupata shilingi 250,000 kwa kila mwaka. Kuanzia umri wa miaka 16, hupata 500,000 kwa kila mwaka. Timu iliyokaa naye tangu miaka 12 mpaka kumaliza ule wa 16 yastahili shilingi 1,500,000. Kwa klabu inayochangisha shilingi hamsini hamsini ili imlipe refa na nauli ya matatu, hiyo ni mali ya miaka mingi.

Tangu Novemba 2022 malipo haya hupitia ofisi maalum ya FIFA iliyoko Paris. Ofisi hiyo haisikilizi masimulizi ya kocha wala ushahidi wa jirani. Huangalia maandishi ya Shirikisho la Kandanda la nchi: mchezaji huyu aliandikishwa klabu gani, tangu tarehe gani hata tarehe gani. Ikiwa mtoto alicheza Kawangware miaka mitano na hakuna aliyemwandikisha, miaka hiyo mitano ni kama haikuwako, na fungu lake huenda kwingine. Hapa ndipo klabu ndogo nyingi hupoteza haki yao, wala hawaibiwi na mtu. Ni karatasi tu iliyokosekana.

Basi katibu wa timu anunue daftari gumu, lisiloachana kurasa. Aandike jina kamili la kila mtoto, tarehe ya kuzaliwa kama ilivyo katika cheti chake na si kama mama anavyokumbuka, siku aliyojiunga na siku aliyoondoka. Klabu yenyewe iandikishwe kwa Msajili wa Michezo, kama itakavyo Sheria ya Michezo ya mwaka 2013, na iwe mwanachama wa tawi la Shirikisho. Kisha majina ya daftari yapelekwe kuandikishwa kila msimu, hata ya wale wadogo wanaokaa benchi, kwa maana hakuna ajuaye ni nani kati yao atakayekwenda mbali. Na daftari lisilale nyumbani kwa katibu peke yake. Nakala ya pili ikae kwa mweka hazina, kwani moto wa Kibera hauchagui nyumba.