Kung'atuka kwa Furaha

Somo: Kitabu cha Pili cha Samweli, sura ya 19



Jumapili ya leo twapenda kuzungumza juu ya jambo ambalo kila mmoja wetu huliombea na papo hapo huliogopa. Twaomba maisha marefu, lakini uzee wenyewe hatuutaki. Mtoto akibatizwa, twamtakia aishi hata aone wajukuu wake. Nasi tukiona unywele mweupe wa kwanza kichwani petu, twaung'oa upesi kabla majirani hawajauona. Basi tujiulize: mgeni tuliyemwalika wenyewe, kwa nini akibisha hodi twajificha?

Katika Kitabu cha Pili cha Samweli twakutana na mzee ambaye hakujificha. Jina lake ni Barzilai, Mgileadi wa Rogelimu, naye alikuwa na umri wa miaka 80. Mfalme Daudi alipomkimbia mwanawe Absalomu, akafika ng'ambo ya Yordani pamoja na watu wake wakiwa na njaa na uchovu, Barzilai alikuwa miongoni mwa waliowapelekea vitanda, vyombo, nafaka, asali na kondoo. Vita vilipokwisha, mfalme alishika njia ya kurudi Yerusalemu, na mzee yule akateremka kumsindikiza hadi mtoni. Daudi hakusahau wema. Alimwalika avuke pamoja naye, akaishi huko Yerusalemu na kutunzwa na mfalme mwenyewe.

Nani kati yetu angekataa? Barzilai alikataa, tena kwa adabu na kwa ucheshi. Alimwuliza mfalme kama amebakiza miaka mingapi hata ahamie Yerusalemu. Alimkumbusha kwamba kinywa chake hakitambui tena utamu wa chakula, wala masikio yake hayafaidi tena nyimbo za waimbaji. Kwa nini basi awe mzigo kwa bwana wake? Akaomba arudi kwao, afie karibu na kaburi la baba na mama yake. Lakini hakuishia hapo. Alimtanguliza kijana, Kimhamu, avuke badala yake na kuipokea heshima ile. Mfalme akambusu mzee, akambariki, na mzee akarudi nyumbani kwake.

Wapendwa, katika mzee huyu twaona mambo matatu: mpango, ucheshi na kuridhika. Alikwisha kujua nafasi yake ampe nani. Aliweza kuutania udhaifu wake mwenyewe. Na alitosheka na nyumba yake. Neno letu la leo ni hili moja: kile ambacho uzee utakuja kutunyang'anya, na tukitoe wenyewe mapema, kwa hiari na kwa mikono yetu. Hapo kitakuwa zawadi, na mtoa zawadi hana cha kunung'unikia.

Kiswahili chetu kina neno kwa jambo hili, nalo ni kung'atuka. Aliyelieneza nchini ni Mwalimu Julius Kambarage Nyerere, akilitoa katika lugha ya kwao, Kizanaki. Tarehe 5 Novemba 1985, akiwa na umri wa miaka 63, alimkabidhi urais Mzee Ali Hassan Mwinyi. Mwaka 1990 akaacha pia uenyekiti wa chama. Alirudi Butiama akalima. Je, alikaa bure? La hasha. Alizitunga Enjili nne na Matendo ya Mitume kwa utenzi wa Kiswahili, vitabu vilivyochapwa mwaka 1996. Kisha, akiwa na zaidi ya miaka 75, alikuja hapa hapa Arusha kuwaketisha pamoja Warundi waliokuwa wakipigana, akaifanya kazi hiyo hadi mwaka wa kufa kwake. Alifariki tarehe 14 Oktoba 1999 kabla ya kuyaona matunda. Kazi ile aliipokea mzee mwingine, Nelson Mandela, aliyekuwa ametoka madarakani mwaka huo huo, na mkataba ukatiwa sahihi mjini Arusha tarehe 28 Agosti 2000.

Tazameni jambo hili vema. Wazee wale wawili walikuwa wamekwisha kuviacha vyeo vyao. Walisikilizwa kwa sababu kila mtu aliona kwamba hawatafuti tena chochote kwa ajili yao wenyewe. Hiyo ni nguvu ambayo kijana hana, na mzee anayeng'ang'ania cheo hana pia.

Nasi tunaoishi chini ya Mlima Meru tunao mfano ulio karibu zaidi. Ndugu zetu Waarusha na Wamaasai tangu zamani hawakuacha mtu azeeke peke yake kama ajali. Wanaume waliotahiriwa katika kipindi kimoja ni rika moja. Pamoja huwa morani, na wakati ukifika, pamoja huuacha umorani na kuingia katika uzee. Hakuna anayeruhusiwa kubaki nyuma akijidai bado kijana, kwa maana rika jipya laingojea nafasi. Na anayeiacha kazi ya ujana hupewa kazi nyingine. Rika jipya hulelewa na wazee wanaoitwa olpiron, jina la kijiti cha kupekechea moto, kwa sababu wao ndio wanaowawashia vijana moto wao. Mzee amekabidhi mkuki, akapokea moto. Hekima hiyo ya mababu yafanana na ya Barzilai, aliyerudi nyumbani baada ya kumwekea Kimhamu njia.

Sasa tutazame mtaa wetu. Jina lenyewe, Kwa Mrombo, lamtaja mtu wa Rombo, yaani mtu aliyetoka kwao akaja kukaa hapa. Wengi wetu tumekuja vivyo hivyo, kutoka Kilimanjaro, Babati, Kondoa, Singida na kwingineko. Tulinunua kiwanja, tukajenga chumba kimoja, kisha cha pili, tukachimba choo, tukavuta maji. Watoto wakazaliwa, wakakua, wakaoa. Miaka ikapita, na ile karatasi ya mauziano yenye sahihi ya balozi na mashahidi ingali ndani ya sanduku chini ya kitanda, na anayejua ilipo ni baba peke yake.

Tuseme baba huyo afariki pasipo kusema neno. Ndugu watafika kutoka kwao. Wengine hawajapata kuiona nyumba ile. Mwana mkubwa atasema yake, mdogo atasema yake, na mama aliyeyabeba maji ya kuchanganyia udongo wa matofali ataketi kwenye mkeka akiwasikiliza wakimgawa. Tusidhani twatisha watu bure. Sheria za mila zilizoandikwa mwaka 1963 kwa ajili ya makabila mengi ya bara ziliweka kwamba mjane hana fungu lake katika urithi wa mumewe, ila atunzwe na watoto wake. Wako wajane wengi walioyaonja machungu ya jambo hilo. Kumbe kalamu ya mume, angali hai na mwenye akili timamu, ingeweza kuwaepusha na mengi.

Lakini twaogopa kuandika wosia. Twasema ni kujiitia kifo. Ndugu zangu, kifo hakingoji kuitwa! Hatujapata kusikia mtu aliyeishi milele kwa sababu hakuandika wosia. Basi mpango wa kwanza ni huu: tuandike, mbele ya mashahidi wa ukoo na wasio wa ukoo, kila mmoja atie sahihi yake, na mama wa nyumba ajue maandishi yalipo. Serikali ina wakala wake, RITA, ambao hupokea wosia na kuutunza. Mpango wa pili ni akiba, kwa maana akiba haiozi. Si lazima mtu awe mwajiriwa wa ofisi. Hata aliyejiajiri, mwenye genge au fundi cherehani, aweza kuchangia NSSF au kuweka fedha kidogo kidogo katika chama cha kuweka na kukopa. Mpango wa tatu hauhitaji fedha kabisa: kuzungumza na watoto kabla ya ugonjwa. Tutakaa na nani? Tutazikwa hapa au kule tulikotoka? Maneno hayo yakizungumzwa mezani wakati wa afya ni mazungumzo. Yakingojwa hadi hospitali huwa ugomvi.

Jambo la pili ni ucheshi. Mtaa wetu wajulikana mbali kwa nyama choma, na hapo ndipo uzee hutupa mtihani. Meno yaliyovunja mifupa miaka 30 iliyopita leo yaitazama nyama kwa mbali. Mzee wa kwanza hukasirika: nyama ya siku hizi ni mbaya, mchomaji hajui kazi, vijana hawana adabu. Mzee wa pili hucheka, akaagiza supu, akamsogezea mjukuu mfupa huku akimwambia, "Nitafunie na wewe nikusikilize." Wote wawili wamepoteza meno. Lakini wa kwanza amepoteza na marafiki.

Barzilai alikuwa wa aina hii ya pili. Na mila zetu zimemwandalia mzee nafasi ya kucheka, nayo ni utani wa babu na mjukuu. Baba ana kazi ya kurudi na kuonya. Babu amekwisha kustaafu kazi hiyo. Yeye humwita mjukuu wake wa kike mchumba, na bibi humwita wa kiume mume wangu, na nyumba nzima ikacheka. Katika kicheko hicho mtoto hupokea methali, historia ya ukoo na sala ambazo kwa fimbo asingezipokea. Ila tuangalie: mzee kujitania ni hekima, bali sisi kumdhihaki mzee ni dhambi. Mwenye magoti mabovu ana ruhusa ya kuyacheka. Mwenye magoti mazima na amshike mkono.

Jambo la tatu ni kuridhika, na hili ndilo gumu. Kuridhika si kunyamaza mzee akinyimwa dawa au chakula. Sera ya Taifa ya Wazee ya mwaka 2003 humhesabu mtu kuwa mzee akifikisha miaka 60, na mwenye haki yake na aidai. Kuridhika ni kuacha kupigana na yale yasiyorudi. Katika Injili ya Yohane, Bwana wetu mfufuka alimweleza Petro kwamba, tofauti na ujanani alipojifunga mkanda na kwenda apendako, uzeeni mtu mwingine atamfunga na kumpeleka asikopenda. Petro hakuambiwa kwamba hapo wito wake umekwisha. Baada ya maneno hayo aliitwa tena kumfuata Bwana, kana kwamba hata kuongozwa na mkono wa mwingine ni njia ya kumfuata. Kwa hiyo mama anayevishwa viatu na binti yake asione aibu. Yeye alimvisha binti huyo kwanza. Leo amempa nafasi ya kulipa, na kumpa mtu nafasi ya kutenda wema ni wema pia.

Nanyi makatekista, mpango huu wawahusu kwa namna mbili. Kwanza, yuko kijana wenu? Yuko Kimhamu mliyemwachia darasa la komunyo ya kwanza angali akikosea, ili ajifunze nanyi mkiwapo? Tusingoje sauti ikauke ndipo tuutafute mwingine wa kuongoza ibada. Pili, wengi wenu mmefundisha miaka mingi kwa malipo madogo au pasipo malipo, na kazi hiyo haina kiinua mgongo. Hapa twasema na parokia nzima na jumuiya ndogo ndogo zote: katekista aliyetufundisha ishara ya msalaba asife njaa mlangoni petu. Baba Mtakatifu Fransisko aliweka mwaka 2021 Siku ya Mababu, Mabibi na Wazee, Jumapili ya nne ya Julai. Siku hiyo isipite kwa wimbo na makofi tu. Kila jumuiya na ihesabu wazee wake kwa majina, ijue nani anakaa peke yake, nani hafiki kanisani kwa sababu ya miguu, na nani atampelekea Komunyo na unga.

Wapendwa, wiki hii tufanye mambo matatu mepesi. Wenye umri wa makamo, tuitoe karatasi ile chini ya kitanda na kuwaonyesha wa nyumbani. Wazee, tumchague mtu mmoja kijana na kumkabidhi kitu kimoja, liwe shamba, ufunguo au wajibu, na tusirudi nyuma yake kila saa kumkagua. Vijana, tumtembelee mzee mmoja mikono ikiwa na kitu na masikio yakiwa wazi. Wahenga walisema kwamba penye wazee hapaharibiki neno. Basi nasi tusiwaharibikie wazee.

Ee Mungu, uliyetupa asubuhi na mchana wa maisha, utupe na jioni yenye amani. Utufundishe kuachia kabla hatujanyang'anywa, kucheka kabla hatujanuna, na kushukuru kabla hatujadai. Uwabariki wazee wote waliolala njaa usiku huu, na uwaamshe walio karibu nao. Kwa njia ya Kristo Bwana wetu. Amina.