Paka Akiteguka Nyonga Asitupwe

(Mazungumzo na wanakisomo wa Kariakoo, Dar es Salaam)



Leo nataka tuzungumze juu ya nyonga ya paka na mbwa. Najua wapo watakaocheka. Lakini ninyi wenye magunia ya nafaka hapa Kariakoo mnaijua kazi ya paka. Panya haogopi kufuli.

Basi, katika Mtaa wa Mkunguni bodaboda ilimgonga paka wa mama mmoja muuza mchele. Mguu wa nyuma ukawa haukanyagi. Mtu mmoja akasema atupwe jalalani. Mpagazi mmoja akauvuta mguu kwa nguvu, akang'atwa. Mama naye alikwisha toa kidonge cha paracetamol. Hapo nilipiga kelele! Kidonge kimoja cha miligramu 500 chaweza kumwua paka. Ini lake haliwezi kuivunja dawa hiyo, na damu yake hushindwa kubeba hewa.

Yule mpagazi tulimwosha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha akaenda hospitali kuchomwa sindano za kuzuia kichaa cha mbwa. Paka pia huambukiza kichaa.

Sasa, ni nini kilichoteguka? Fupa la paja lina kichwa cha mviringo. Kichwa hicho hukaa katika kikombe cha nyonga, kama mchi ndani ya kinu, na kano hukishika. Mnyama akigongwa, kano hukatika, kichwa huchomoka, na mara nyingi hupanda juu na mbele. Ndiyo maana mguu huonekana mfupi kuliko mwenzake. Na wenzetu wa vijijini mtakaosoma haya gazetini, mbwa wenu hupatwa vilevile.

Msiuvute mguu. Huenda mfupa umevunjika, nanyi hamwoni. Mlazeni mnyama juu ya ubao au ndani ya boksi, mpelekeni kwa daktari wa mifugo. Yeye hutazama kwanza pumzi na mkojo, kisha hupiga picha ya eksirei. Katika siku za kwanza aweza kumpa dawa ya usingizi na kuurudisha mfupa bila kupasua. Lakini mara nyingi hutoka tena. Hapo hupasua, akarudisha kichwa na kukifunga kwa uzi imara unaopita katika tundu la mfupa, badala ya ile kano. Baada ya hapo mnyama hupumzishwa wiki kadhaa.

Mama yetu alichelewa siku 11 akitafuta fedha. Simlaumu, fedha hizo zilimwumiza. Kikombe kilikuwa kimekwisha jaa nyama ngeni. Daktari akakikata kichwa cha mfupa na kukiondoa kabisa. Mama alishtuka: paka atatembeaje? Kumbe misuli na kovu hushika mahali pa kiungo. Njia hii huwafaa sana paka na mbwa wadogo. Mbwa mkubwa na mzito hupata shida zaidi. Na hapa hatakiwi kulala tu. Maumivu yakipungua, atembezwe polepole kila siku, la sivyo mguu hukakamaa.

Wasiojua daktari alipo, muulizeni bwana mifugo wa kata. Ulizeni na bei mapema.

Wiki ya sita nilipita tena Mkunguni. Paka alikuwa juu ya gunia la tatu, anachechemea kidogo. Sikuuliza alipandaje, mkia wa panya ulikuwa mdomoni.