Tumbili Ndani ya Nyumba ya Watu

Tumbili anayefugwa nyumbani mara nyingi huanza maisha hayo akiwa yatima. Mama yake amegongwa na gari, amenaswa na waya wa umeme, ameraruliwa na mbwa au ameuawa na mwenye shamba la mahindi. Mtoto huyo amezaliwa kushika manyoya ya tumbo la mama bila kuachia, kwa hiyo anayemwokota ndiye anayeshikwa. Wako pia wanaomuua mama kwa makusudi ili wamuuze mtoto kando ya barabara. Mnunuzi wa namna hiyo, hata akisukumwa na huruma, ndiye anayemlipa muuaji na kumrudisha msituni akatafute mwingine.

Miezi ya mwanzo huwa ya furaha tupu. Mtoto wa tumbili, mwenye uso wa waridi utakaokuja kuwa mweusi, hunywa maziwa kwa chupa, hulala kifuani mwa mtu na kumfuata kila aendako. Familia huona imepata mtoto mwingine. Naye huona amepata kundi, na hapo ndipo yanapoanzia mambo yote yanayokuja kuitwa utundu.

Akishapata nguvu, tumbili hufungua komeo la kabati, hufunua sufuria, humwaga unga, huchana mto na kupasua mayai. Ndizi ikiachwa mezani huijaza katika vifuko vilivyomo mashavuni mwake, kisha hukimbilia juu ya kabati kuila kwa nafasi. Wengi huuita huo wizi. Porini, anayekaa na chakula mkononi hunyang'anywa na aliyemzidi, kwa hiyo mashavu ndiyo ghala lake. Mikono hiyohiyo, huko msituni, hushinda ikipasua maganda, ikibandua magome na kupekua majani kutafuta wadudu. Nyumbani chakula huletwa katika sahani na kwisha upesi, na mikono hubaki na mchana mzima bila kazi. Kumchapa kwa sababu hiyo ni kumwonea.

Jambo zito zaidi ni vyeo. Katika kundi la tumbili kila mmoja anajua nani yuko juu yake na nani yuko chini. Majike hubaki katika kundi walimozaliwa, na binti hupata cheo kilicho karibu na cha mama yake. Madume huhama wanapokomaa, wakiwa na umri wa miaka mitano hivi, wakaanze upya kwingine. Tumbili wa nyumbani hana mama wa kumrithisha cheo wala kundi jingine la kuhamia. Anachoweza kufanya ni kuwapima watu wa nyumba hiyo mmoja mmoja. Baba hupishwa njia, anayempa chakula hukumbatiwa, lakini mtoto mdogo, mgeni na dada wa kazi hutishwa, huvutwa nywele na mwishowe huumwa. Mtoto wa binadamu, kwa upendo wake, humkodolea macho tumbili huku akicheka. Kwa tumbili, kukodolewa macho ni uchokozi, na meno yaliyo wazi si kicheko. Hakuna aliyekosea kati yao, ila mtoto ndiye anayebaki na kovu usoni.

Akili ya mnyama huyu imethibitishwa Kenya, katika mbuga ya Amboseli. Mwaka 1980, watafiti Robert Seyfarth, Dorothy Cheney na Peter Marler walieleza kwamba tumbili wana milio tofauti kwa maadui tofauti. Wakisikia mlio wa chui hukimbilia mitini, wakisikia wa tai hutazama juu na kujitupa vichakani, wakisikia wa nyoka husimama kwa miguu miwili na kuchungulia nyasini. Kiumbe mwenye mawasiliano kama hayo, akiwekwa peke yake kati ya watu, hupiga mlio usiojibiwa na yeyote.

Kisha hukua. Dume hufikia kilo tano au zaidi, akiwa na chonge ndefu zinazoweza kukata mkono hadi mfupa. Akitunzwa vizuri anaweza kuishi karibu miaka 30. Aliyekuwa akilala kifuani mwa watu hufungwa kamba kiunoni chini ya mwembe, na kamba isipolegezwa mwili unapokua, huzama katika nyama. Hatima hiyo inauma kwa sababu wengi wa wanaomfikisha hapo walianza kwa wema.

Magonjwa nayo huvuka pande zote mbili. Binadamu anaweza kumwambukiza tumbili kifua kikuu na surua. Tumbili anaweza kumpa binadamu vijidudu vya kuhara na, kwa kuuma, kichaa cha mbwa. Jeraha la kuumwa huoshwa kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha majeruhi hupelekwa hospitali siku hiyohiyo, hata kama jeraha ni dogo.

Tanzania, kwa sheria ya wanyamapori ya mwaka 2009, na Kenya, kwa sheria ya mwaka 2013, hazimruhusu mtu kufuga mnyamapori bila kibali. Hata hivyo, anayetaka kutii asimtupe tumbili wake porini. Hajui chakula cha huko, kundi geni humshambulia, naye hurudi kwa watu na kuuawa. Njia ya haki ni kuwaarifu maofisa wa wanyamapori. Katika pwani ya Kenya liko pia shirika la Colobus Conservation la Diani, lililoanzishwa mwaka 1997, ambalo huokoa na kutibu kima, mbega na tumbili. Kazi ya kumrudisha porini tumbili aliyelelewa na watu huchukua miezi mingi, kwa kuwa sharti kwanza apate wenzake, azoeane nao na waachiliwe wakiwa kundi.

Hadi maofisa wafike, tumbili huwekwa mbali na watoto, mahali penye kivuli na maji, bila kamba kiunoni. Hupewa matunda, majani na njugu zisizotiwa chumvi. Biskuti na soda hapewi.